Wasukuma Ni Wangapi, na Nani Aliyewahesabu?

Ukiuliza mtandaoni Wasukuma ni wangapi, jibu linakuja kabla hujavuta pumzi. Ukurasa mmoja utakuambia ni milioni 5, mwingine milioni 8, wa tatu milioni 10, na wa nne utaacha hesabu ya vichwa na kukupa asilimia 16 ya Watanzania wote. Zote zinasema kwa uhakika uleule, na nyingi zina tanbihi inayoelekeza mahali fulani. Kwa kuwa nimekuwa nikishughulika na makala za makabila katika kamusi elezo za mtandaoni kama Wikipedia, hasa ile ya Kiswahili, nimejizoeza kuifuata kila tanbihi hadi inapoishia. Katika suala la Wasukuma haiishii kwa mtu yeyote aliyebisha hodi nyumba kwa nyumba katika miaka ya karibuni na kuuliza kila mkuu wa kaya, "Ninyi ni kabila gani?"

Sababu yake inajulikana. Sensa ya mwisho kuuliza kabila nchini Tanzania ilikuwa ile ya 1967, ambayo pia ndiyo ya mwisho kuuliza dini. Sensa zilizofuata, yaani za 1978, 1988, 2002, 2012 na 2022, ziliviacha vipengele hivyo viwili kwa makusudi, kwa kuwa serikali ilikuwa inajenga taifa na haikutaka kuwapa wanasiasa mizani ya kupimia makabila. Mtu anaweza kuukubali uamuzi huo au kuupinga, na mwaka 2012 baadhi ya Waislamu waliupinga waziwazi kwa upande wa dini, lakini matokeo yake kwa mwandishi wa kamusi elezo ni mamoja: hakuna takwimu rasmi ya idadi ya Wasukuma, Wachaga, Wahaya, Wagogo au Wamakonde wa Tanzania iliyo changa kuliko mwaka 1967. Anayekuletea namba ya mwaka 2020 kwa jina la "sensa" hajaisoma sensa.

Hapo ndipo makadirio yanapoingia, na si kila makadirio ni ya kudharauliwa. Tatizo ni kwamba yanatengenezwa kwa njia mbalimbali, halafu yanapangwa katika sanduku moja la habari upande wa kulia wa makala kana kwamba ni ndugu wa baba mmoja. Njia ya kwanza, na rahisi kuliko zote, ni kuchukua hesabu ya zamani na kuizidisha. Tanzania ilikuwa na watu wapatao milioni 12.3 mwaka 1967. Mwaka 2022 ilikuwa na watu 61,741,120. Taifa limekua mara tano, basi kila kabila nalo linakuzwa mara tano. Anayefanya hivyo anachukulia kwamba Wasukuma, Wachaga na Wazaramo wamezaa kwa kasi moja kwa zaidi ya miaka 50, kwamba hawakuoana, na kwamba mtoto aliyezaliwa Kariakoo na baba Mhaya na mama Mndengereko amebaki Mhaya kama babu yake alivyokuwa.

Chukua hiyo asilimia 16. Katika sensa ya Tanganyika ya 1957 Wasukuma walikuwa zaidi kidogo ya milioni 1 katika nchi yenye watu karibu milioni 8.8, yaani kama mtu mmoja katika kila wanane. Kutoka hapo hadi asilimia 16 ni kupanda kusiko kudogo. Inawezekana kabisa kwamba ni kweli: kila mtu anajua jinsi wafugaji na wakulima wa Kisukuma walivyosambaa kuelekea Tabora, Katavi, Rukwa, bonde la Kilombero na hata Lindi. Lakini jambo linalowezekana si jambo lililohesabiwa, na kazi ya kamusi elezo ni kumwonyesha msomaji tofauti hiyo, siyo kuifunika kwa tanbihi.

Njia ya pili ni kuhesabu lugha badala ya watu. Sehemu kubwa ya namba za makabila ya Tanzania zinazozunguka mtandaoni zimetoka katika Ethnologue, orodha ya lugha za dunia inayotolewa na SIL, shirika la Kikristo la wanaisimu, tangu mwaka 1951. Ni kazi ya kuheshimika, na mimi mwenyewe huitumia kila mara, ila inachohesabu ni wasemaji. Mwaka 2009 Mradi wa Lugha za Tanzania wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ulitoa atlasi yake ya lugha, ambayo kwangu ndiyo kazi nzuri zaidi tuliyo nayo katika eneo hili, na namba nyingi za atlasi hiyo zikaingia katika matoleo yaliyofuata ya Ethnologue. Kisukuma kikapewa wasemaji zaidi kidogo ya milioni 5. Hiyo milioni 5 inayoonekana katika makala kuhusu Wasukuma kama kabila inatoka hapo, na imebadilishwa maana ikiwa njiani: mwanzoni ilikuwa ya wanaosema Kisukuma, ilipofika kwenye sanduku la habari ikawa ya walio Wasukuma.

Mfano unaoonyesha madhara yake vizuri zaidi ni wa Wabena wa Njombe. Makala juu yao imebeba kwa miaka mingi sentensi kwamba mwaka 2001 idadi ya Wabena ilikadiriwa kuwa 670,000. Ukienda kwenye makala juu ya Kibena, utaambiwa wasemaji wake mwaka 2009 walikuwa karibu 600,000. Msomaji anayeziweka namba hizo mbili pamoja ataona kabila limepungua kwa watu karibu 70,000 katika miaka minane, katika nchi ambayo idadi ya watu ilikuwa inapanda kwa kasi. Hakukuwa na janga lolote Njombe la kuelezea hilo. Kilichotokea ni kwamba makadirio mawili yaliyofanywa kwa njia mbili, na watu wawili, yamewekwa katika mstari mmoja wa wakati ambao haujawahi kuwapo. Hata kama yote mawili yalikuwa sahihi kwa jinsi yalivyofanywa, hayawezi kulinganishwa. Hebu fikiria pia Wazaramo, ambao wengi wao wamekulia katika Kiswahili kitupu kwa vizazi kadhaa. Ukiwahesabu kwa kusikiliza nani anasema Kizaramo nyumbani, utabaki na wazee wachache wa Kisarawe, na utakuwa umewafuta watu ambao hawana shaka hata kidogo juu ya ngoma zao na koo zao.

Njia ya tatu ndiyo inayonikera, nami sioni sababu ya kuificha kero hiyo. Kuna hifadhidata za kimisionari zinazoorodhesha "watu" wa dunia ili kujua nani amefikiwa na Injili na nani bado, na inayojulikana zaidi ni Joshua Project, iliyoanzishwa mwaka 1995. Sina ugomvi na lengo lao. Kila mtu na wito wake. Ugomvi wangu ni na mhariri anayeichukua hesabu iliyotengenezwa kwa ajili ya kupanga safari za wainjilisti na kuiweka katika kamusi elezo kama takwimu ya idadi ya watu. Namba zao husogezwa mbele kufuata ongezeko la watu la nchi, kwa hiyo daima zinaonekana mpya, na upya huo ndio unaowavutia wahariri wasio na subira. Wikipedia ya Kiingereza imeiweka Joshua Project miongoni mwa vyanzo visivyotegemewa, kwa sababu haitambuliwi kitaaluma wala haina utaratibu wa kutosha wa uhariri. Hata hivyo namba zake bado zimejaa katika makala za makabila madogo ya Afrika, kwa sababu rahisi kwamba kwa makabila hayo hakuna mtu mwingine aliyeandika namba yoyote, na nafasi tupu katika sanduku la habari huwatia wahariri wengi wasiwasi kama sahani tupu mbele ya mgeni.

Pamoja na hayo kuna mzunguko ambao kila mhariri mzoefu ameukuta. Mtu asiyejitambulisha anaingia, anabadilisha 350,000 kuwa 850,000, na kutoka bila tanbihi. Miezi inapita. Mwandishi wa gazeti anahitaji namba kwa ajili ya habari ya tamasha la utamaduni, anaitoa katika kamusi elezo bila kusema alikoitoa. Kisha mhariri mwingine, mwenye nia njema, anaona namba haina chanzo, anatafuta, anaikuta gazetini, na anaiwekea tanbihi. Sasa namba ina karatasi zake zote, imehalalishwa. Njia pekee ninayoijua ya kuufichua mchezo huo ni kufungua historia ya ukurasa na kulinganisha tarehe: kama namba ilikuwa katika makala kabla ya kuwa gazetini, gazeti si chanzo chake.

Mtu atasema haya yote ni ya Tanzania, na kwamba Kenya mambo ni rahisi kwa kuwa huko kabila huulizwa. Ni kweli kwamba ni rahisi zaidi. Katika sensa ya 2019 watu 8,148,668 walihesabiwa kuwa Wakikuyu, 6,823,842 Waluhya, 6,358,113 Wakalenjin, 5,066,966 Wajaluo, na kadhalika hadi makundi ya watu mia chache. Chanzo ni kimoja, kimechapishwa na Shirika la Takwimu la Kenya, kina tarehe na kina swali. Namba ya aina hii ndiyo inayostahili nafasi ya kwanza, na inapaswa kuandikwa jinsi ilivyo: katika sensa ya 2019, watu kadhaa walijitaja, au walitajwa na mkuu wa kaya, kuwa wa kundi fulani.

Lakini hata sensa si msahafu. Matokeo ya kikabila ya sensa ya 1999 hayakuchapishwa kabisa, kwa hiyo kwa karibu miaka 20 kila aliyetaka kuandika juu ya makabila ya Kenya alilazimika kurudi katika sensa ya 1989. Kitabu cha takwimu za nchi cha shirika la ujasusi la Marekani, ambacho wengi hukinukuu kama sheria, kiliendelea kwa miaka mingi kuandika Wakikuyu asilimia 22, Waluhya 14, Wajaluo 13, bila kumwambia msomaji kwamba uwiano huo ulikuwa wa enzi nyingine. Ilipofika 2009 swali likarudi na matokeo yakatolewa, ila waziri wa mipango wa wakati huo, Wycliffe Oparanya, alipoyatangaza Agosti 2010 alisema matokeo ya wilaya nane za Turkana na Kaskazini Mashariki yamefutwa kwa kuwa ongezeko lake lilikuwa halieleweki. Mkoa wa Kaskazini Mashariki ulikuwa na watu 962,143 mwaka 1999; hesabu ya 2009 iliufikisha watu 2,310,757. Namba ya Wasomali wa Kenya ya mwaka 2009, yaani 2,385,572, imesimama juu ya hesabu hiyohiyo iliyogombaniwa, lakini nenda ukatafute makala inayoigusa habari hiyo karibu na namba.

Na sasa Waswahili wenyewe, maana hapa ndipo nilipokaa muda mrefu kuliko pote. Sensa ya Kenya ya 2009 iliandika Waswahili 110,614. Sensa ya 2019 imeandika 56,074. Vyanzo vyote viwili ni vya serikali, vina swali, vina tarehe, na vinapita kila kigezo cha uaminifu ambacho mhariri anaweza kukitaja. Ukiyafuata maandishi bila kufikiri, utaandika kwamba nusu ya Waswahili wa Kenya wametoweka katika miaka kumi, na utakuwa na tanbihi mbili safi za kukulinda. Anayeijua Mombasa, Lamu au Vanga hawezi kuandika hivyo. Mtu wa pwani anapoulizwa na karani wa sensa ana majibu kadhaa ya kweli mfukoni: anaweza kusema ni Mswahili, anaweza kusema ni Mmvita, Mbajuni, Mvumba au Mwamu, anaweza kujiandikisha Mwarabu kama ana nasaba upande huo, na anaweza pia kukataa maneno mengi na kusema ni Mkenya, kama walivyofanya watu 610,122 nchini kote mwaka 2009. Jibu gani linaangukia chini ya jina gani hutegemea orodha ya misimbo aliyopewa karani na jinsi ofisi ilivyoyapanga majedwali baadaye. Mpaka wa jina umesogea kati ya sensa na sensa. Watu wako palepale.

Hali kama hiyo ipo katika majina makubwa pia. Mijikenda ni jedwali lenye Wagiriama 752,531, Waduruma 396,667 na Wadigo 313,288 katika sensa ya 2009, pamoja na wenzao wadogo, na kila mmoja kati yao ana makala yake. Kalenjin ni jina lililoanza kutumika kisiasa katika miaka ya 1940, na chini yake wapo Wakipsigis, Wanandi, Wapokoti na wengine ambao vitabu vya zamani viliwaandika kila mmoja peke yake. Mhariri anayetaka kuchora grafu ya Wakalenjin tangu ukoloni hadi leo ajue kwamba anachora grafu ya jina.

Kwa makabila yaliyokatwa na mpaka, dhambi ya kawaida ni kujumlisha. Wamasai wa Kenya walikuwa 1,189,522 mwaka 2019. Wamasai wa Tanzania hawajahesabiwa rasmi tangu 1967, basi huchukuliwa kadirio lolote la laki kadhaa, linajumlishwa na hesabu ya Kenya, na sanduku la habari linatoka na jumla inayoishia na 522. Usahihi wa tarakimu tatu za mwisho ni wa nusu moja tu ya jumla, na nusu ya pili imekisiwa. Mimi huziandika nchi mbili katika mistari miwili, kila mmoja na mwaka wake na aina ya chanzo chake, na sehemu ya jumla huiacha wazi. Nimeshabishana katika kurasa za majadiliano na watu waliodhani huo ni uvivu.

Kuna wanaopendekeza tafiti za sampuli kama suluhisho la Tanzania, na hapa nakubaliana nao nusu. Afrobarometer, mradi wa kura za maoni katika nchi nyingi za Afrika, huwauliza Watanzania watu wazima wapatao 2,400 maswali mengi, likiwamo la kabila. Kwa kundi kubwa kama Wasukuma, utafiti wa namna hiyo unaweza kutoa uwiano unaokaribia ukweli, ukiandikwa pamoja na kiwango chake cha makosa. Kwa kabila la watu 60,000, ambao ni kama mmoja katika kila elfu ya Watanzania, sampuli ya watu 2,400 itakutana na wawili au watatu, pengine isikutane na hata mmoja. Kuzidisha watu wawili hadi wawe maelfu na kuyaita hayo takwimu ni mzaha.

Lipo swali jingine ambalo karibu hakuna chanzo kinacholijibu, nalo ni mtoto anahesabiwa kwa nani. Miongoni mwa Waluguru, Wamakonde na Wamwera ukoo kwa desturi hufuata upande wa mama, wakati majirani zao wengi hufuata baba. Mtoto wa baba Msukuma na mama Mluguru aliyezaliwa Morogoro ana haki ya kudaiwa na pande zote mbili, na mtoto wa baba Mluguru na mama Msukuma anaweza asidaiwe na yeyote. Katika sensa jambo hilo humalizwa na mhojiwa kwa kinywa chake mwenyewe. Katika kadirio la mezani humalizwa na mtu ambaye hajawahi kulifikiria.

Rwanda ni mahali ambapo uzembe wa namna hii haupaswi kuvumiliwa hata kidogo. Uwiano wa Wahutu 84 au 85, Watutsi 14 au 15 na Watwa 1 kwa mia umekuwa ukirudiwa hadi umekuwa kama aya ya kukariri. Mizizi yake ni uandikishaji wa Wabelgiji wa miaka ya 1930, ule uliozaa vitambulisho vya kabila. Sensa ya 1991 ilitoa Watutsi asilimia 8.4, katika nchi ambayo wengi wao walikuwa wamekimbilia nje na wengine walikuwa na kila sababu ya kuficha kabila lao. Baada ya mauaji ya kimbari ya 1994 kabila liliondolewa katika vitambulisho na halihesabiwi tena. Makala inayoweka 84, 15 na 1 na kuandika kando yake mwaka wa karibuni inabuni takwimu kuhusu nchi ambayo takwimu za aina hiyo ziliua watu. Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo nayo, ambayo sensa yake ya mwisho ya nchi nzima ilifanyika mwaka 1984, inaandikwa mtandaoni kwa asilimia zenye nukta, na sijui nani huwa anaziamini.

Kwa hiyo ninapokutana na namba katika makala ya kabila, sianzi kwa kuuliza kama kitabu au tovuti iliyotajwa ni maarufu. Nauliza nani aliulizwa, aliulizwa nini, na mwaka gani. Kama chanzo kinajibu yote matatu, namba inabaki hata kama ni ya 1957, ili mradi mwaka uandikwe ndani ya sentensi yenyewe na usifichwe katika tanbihi. Kama kinajibu kuhusu lugha, naihamishia namba katika makala ya lugha. Kama hakijibu lolote, naiondoa na kueleza sababu katika ukurasa wa majadiliano, kwa sababu wenye kabila lao wakikuta nafasi tupu bila maelezo watadhani wamedharauliwa, na wana haki ya kudhani hivyo.

Jaribio linalofuata litakuwa la Wapemba wa Kenya. Serikali iliwatambua rasmi mwaka 2023, baada ya kuishi Kilifi na Kwale kwa vizazi bila vitambulisho, kama ilivyowatambua Wamakonde wa Kwale mwaka 2017. Sensa ya 2019 ilifanyika kabla ya hatua hiyo, na ikiwa utaratibu wa kila miaka kumi utafuatwa, ijayo itakuwa 2029. Katikati hapo zinatajwa hesabu za wanaharakati, za wanasiasa na za magazeti, kila moja ikiwa na madhumuni yake. Katika makala yao napendekeza tuandike tarehe ya kutambuliwa na maeneo wanayoishi, tutaje makadirio kwa jina la aliyeyatoa, na sehemu ya "idadi" katika sanduku la habari tuiache bila kitu hadi karani wa sensa awaulize wenyewe.